Mume wangu kaumia kwenye lori la taka, ofisi inasema kibarua hana stahiki

Swali la msomaji, nimelifupisha:

"Mume wangu ni kibarua wa halmashauri, msaidizi kwenye lori la taka. Ana miaka miwili na miezi minne pale, kwa mikataba ya miezi mitatu mitatu. Mmoja ukiisha anakaa nyumbani siku mbili tatu, kisha anaitwa tena. Analipwa shilingi 12,000 kwa siku kutoka mapato ya ndani. Wiki tano zilizopita mlango wa nyuma wa lori ulimbana mkono, akakatwa vidole viwili. Siku 19 zilizopita orodha mpya ya vibarua ilibandikwa ubaoni, jina lake halimo. Tulipouliza tukajibiwa kibarua hana stahiki, ashukuru alitibiwa. Mimi pia niko kwa miezi mitatu mitatu, mapokezi ya kituo cha afya, huu ni mwezi wa 14, na nina ujauzito wa miezi mitano. Tuna watoto wawili. Tuna haki yoyote?"

Jibu:

Pole sana dada, na umfikishie pole mumeo. Haki mnazo, tena si chache, lakini kwanza tuhesabu siku. Malalamiko ya kuachishwa kazi isivyo halali hupelekwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, yaani CMA, ndani ya siku 30 tangu mtu aachishwe. Siku 19 zimeshakwenda. Zimebaki 11, na Jumamosi na Jumapili zimo humo humo. Kwa hiyo hata kabla hujamaliza kusoma, mtume mtu akaulize ofisi ya CMA ya mkoa wenu iko wapi. Fomu ya kufungulia malalamiko, wanayoiita Fomu Namba 1, hutolewa bure.

Naanza na hili kwa sababu nimeshawaona wengi wakianguka hapa hapa. Mlinzi mmoja wa ghala la ofisi ya umma alinijia siku ya 41 tangu aachishwe, mfukoni ana nakala nne za barua, zote zimepigwa muhuri wa "imepokelewa". Kila alipofuatilia aliambiwa mkubwa yuko safarini, au faili liko kwa mwanasheria. Barua zake zilikuwa nzuri kuliko za mawakili wengine ninaowajua, lakini hakuna hata moja iliyosimamisha saa. Tulilazimika kuomba kwanza kuongezewa muda, na kule unaulizwa sababu ya kila siku uliyochelewa. Kusubiri majibu ya bosi si sababu inayopokelewa kirahisi. Andikeni barua ofisini, ndiyo, lakini fomu iende CMA wakati huo huo.

Sasa hilo neno kibarua. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inawahusu wafanyakazi wote wa Tanzania Bara, wa Serikali wakiwemo. Iliowaacha nje ni wanajeshi wa JWTZ, polisi, magereza na Jeshi la Kujenga Taifa. (Kwa wasomaji wa Zanzibar: kwenu iko Sheria ya Ajira ya mwaka 2005, kwa hiyo hesabu za hapa msizihamishe zilivyo.) Ukiisoma sheria ya Bara yote hutakuta pameandikwa kwamba anayelipwa kwa siku hana stahiki. Utakachokuta ni kwamba baadhi ya stahiki zinasubiri mtu atimize muda fulani. Ofisi nyingi zimezigeuza habari hizi mbili kuwa moja, wengine kwa kutojua, wengine wanajua vizuri sana.

Muda unaotajwa mara nyingi ni miezi sita. Aliyefanya kazi chini ya miezi sita hawezi kulalamika kwamba kaachishwa isivyo halali. Lakini sheria inaendelea kusema miezi hiyo huhesabiwa kwa mwajiri yule yule, iwe chini ya mkataba mmoja au zaidi. Hayo maneno "au zaidi" ndiyo yanayoubomoa mtindo wa miezi mitatu mitatu. Mwajiri anakata mkataba vipande akiamini hakuna kipande kitakachofika sita, kumbe sheria inavijumlisha. Kwenye likizo yenye malipo ni hivyo hivyo: aliyeitwa zaidi ya mara moja na mwajiri yule yule anaistahili, ikiwa jumla ya muda aliofanya kazi ndani ya mwaka inazidi miezi sita. Mumeo ana miezi 28. Hata ukiondoa zile siku mbili tatu za kukaa nyumbani, yuko mbali mno na mstari huo.

Watakachokujibu ni kwamba hawakumwachisha, mkataba umeisha wenyewe. Jibu hilo lina uzito, nisikudanganye. Mkataba wa muda ukifika mwisho, kwa kawaida unakufa bila mtu kuulizwa. Ila sheria hiyo hiyo inasema kutohuisha mkataba wa muda, pale mfanyakazi alipokuwa na matarajio ya haki kwamba utahuishwa, nako ni kuachisha kazi. Karani wa sensa ya 2022 hawezi kudai matarajio hayo: sensa ilifanyika, ikaisha, kila mtu alijua. Taka za mji haziishi. Lori lile liko barabarani leo, mtu mwingine kasimama nyuma yake pale pale aliposimama mumeo, na mumeo alikuwa ameitwa tena mara baada ya mara kwa zaidi ya miaka miwili. Mara ya kwanza jina lake kukosekana ni mara ya kwanza kuwa na mkono wenye bandeji. CMA watauona mfuatano huo. Mzigo wa kuthibitisha matarajio uko kwake, ndiyo maana nahamia kwenye karatasi.

Hujasema kama mikataba hiyo aliandikiwa. Nadhani mingine ipo na mingine haipo, ndivyo ilivyo kwa vibarua wengi. Isiwatishe. Ni mwajiri anayewajibika kumpa mfanyakazi maelezo ya ajira yake kwa maandishi na kuyatunza, na akishindwa kuyaonyesha kwenye shauri, mzigo wa kuthibitisha au kukanusha sharti linalobishaniwa unahamia kwake. Halafu ipo Sheria ya Taasisi za Kazi, yenye kile tunachokiita dhana ya ajira: ukionyesha jambo moja tu kati ya kadhaa, utachukuliwa kuwa mwajiriwa hadi mwajiri athibitishe vinginevyo. Mambo yenyewe ni kama kupangiwa saa na namna ya kufanya kazi, kupewa vifaa, kumtegemea mtu huyo kwa kipato, au kumfanyia kazi kwa wastani wa saa zisizopungua 45 kwa mwezi katika miezi mitatu iliyopita. Saa 45 ni siku tano za kazi. Msaidizi wa lori anazimaliza kabla wiki ya kwanza ya mwezi haijaisha.

Kwa vibarua wa usafi ushahidi mkubwa ni daftari la mahudhurio. Unalijua: kaunta buku lenye jalada gumu lililochakaa pembeni, mistari ya rula ya kalamu nyekundu, jina, saa ya kufika, sahihi, saa ya kutoka, sahihi. Linakaa kwa msimamizi pale yanapolala malori. Mwombe mfanyakazi mwenzake mnayeelewana apige picha kurasa zenye jina la mumeo, hasa ukurasa wa siku ya ajali na kurasa za mwanzo na mwisho wa kila mkataba. Picha ionyeshe ukurasa mzima na tarehe yake, isiwe ya jina peke yake. Baada ya daftari ziko karatasi za malipo walizokuwa wakisaini au kutia dole gumba, na ujumbe wa simu wa malipo kama alilipwa kwa simu au benki. Ujumbe huo msiufute, na laini hiyo msimpe mtoto. Orodha iliyobandikwa ubaoni nayo ipigwe picha kabla mvua au mtu hajaiondoa.

Sasa mlango upi? Hapa hata mawakili hujikwaa. Tangu marekebisho ya 2016, mtumishi wa umma anatakiwa amalize kwanza ngazi za Sheria ya Utumishi wa Umma, ambako kuna Tume ya Utumishi wa Umma na juu yake Rais, kabla ya kuzigeukia sheria za kazi. Mahakama ya Rufani imelisimamia hilo, na mashauri mengi ya watumishi yaliyofunguliwa CMA yameishia njiani. Basi mwanasheria wa halmashauri atasimama aseme huyu ni wa Serikali, CMA haina mamlaka naye. Lakini Sheria ya Utumishi wa Umma, inapoeleza ofisi ya utumishi wa umma ni ipi, inaziweka nje ofisi ambazo malipo yake ni kwa saa, kwa siku au kwa mkataba wa muda. Mumeo analipwa kwa siku. Aandike hivyo kwenye fomu, waziwazi, mstari wa kwanza wa maelezo yake. Kuna kejeli ndani yake: kile kile anachosimangwa nacho, kulipwa kwa siku, ndicho kinachomfungulia mlango wa karibu. Mlalamikiwa aandikwe halmashauri yenyewe. Asiandikwe msimamizi aliyewajibu vibaya, hata kama kidole kinawasha kuliandika jina lake.

Tuje kwenye mkono. Hili ni dai jingine kabisa, halisubiri uamuzi wa CMA wala halitegemei kama atarudishwa kazini. Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, WCF, ulioanza kazi Julai 2015 chini ya sheria ya 2008, unawahusu wafanyakazi wa sekta ya umma na binafsi Tanzania Bara. Anayechangia ni mwajiri peke yake. Kwa sekta ya umma ni 0.5% ya mishahara anayolipa, na ni marufuku kumkata mfanyakazi hata senti kwa ajili hiyo. Kwa hiyo yule anayesema "ashukuru alitibiwa" anazungumza kana kwamba matibabu yalikuwa hisani. Aliyeumia kazini anastahili matibabu, malipo ya kipindi ambacho hawezi kufanya kazi, na kwa kuwa vidole havioti tena, fidia ya ulemavu wa kudumu. Daktari hukadiria asilimia ya ulemavu kwa kufuata jedwali. Asilimia ikiwa ndogo mtu hulipwa mkupuo, ikiwa kubwa hulipwa pensheni ya kila mwezi. Mkono uliopotea kazini una thamani yake kwenye jedwali hilo, na jedwali halina safu ya vibarua na safu ya wa kudumu.

Mwajiri akishapata habari ya ajali anatakiwa kuitaarifu WCF ndani ya siku saba za kazi, na madai yafike Mfuko ndani ya miezi 12 tangu ajali. Ulizeni kwa maandishi kama taarifa ilipelekwa. Wakikaa kimya, mumeo aende mwenyewe ofisi ya WCF na karatasi za hospitali, kitambulisho na zile picha za daftari. Akiambiwa kwamba halmashauri haikumwandikisha, asirudi nyumbani na jibu hilo. Kuandikisha ni wajibu wa mwajiri, na uzembe wake si kosa la aliyebanwa na mlango. Mwambie mumeo pia asisaini karatasi yoyote yenye maneno kama "nimelipwa stahiki zangu zote na sina madai". Hupenda kujitokeza ghafla mtu anapoanza kuuliza, pamoja na bahasha yenye pesa ya nauli.

Fedha za kuondokea, kwa ujira wa 12,000. Kiinua mgongo ni ujira wa siku saba kwa kila mwaka uliotimia, usiozidi miaka kumi: miaka miwili ni siku 14, sawa na 168,000. Watabishana kuhusu zile siku za katikati kwamba zimekatisha utumishi, na daftari litawasaidia kuonyesha kwamba zilikuwa mbili tatu tu. Likizo ambayo hakuichukua hupigwa kwa siku moja ya ujira kwa kila siku 13 alizofanya kazi. Kama katika miezi minne ya mwisho alifanya siku 104, hizo ni siku nane, 96,000. Likizo za miaka ya nyuma ambazo hakuziomba sitawapa matumaini nazo. Notisi kwa anayelipwa kwa siku au wiki ni siku nne, ambazo ni 48,000. Aliyekuwa akilipwa kwa mwezi angepata siku 28. Na adai cheti cha utumishi, hata kama wamenuniana. Atakapoomba kazi kwingine kitasema alifanya nini na kwa muda gani. Ukijumlisha utaona fedha hizi si za kujenga nyumba. Dai la kuachishwa isivyo halali ndilo kubwa, kwa sababu huko CMA inaweza kuamuru arudishwe au alipwe fidia ya miezi kadhaa ya ujira.

Nawe sasa. Una miezi 14, kwa hiyo mstari wa miezi sita umeuvuka. Unastahili likizo ya uzazi ya siku 84 yenye malipo, au siku 100 ukijifungua watoto zaidi ya mmoja kwa mkupuo, na unaweza kuianza wiki nne kabla ya tarehe ya matarajio. Mwajiri anatakiwa ajulishwe walau miezi mitatu kabla ya tarehe hiyo, pamoja na cheti cha daktari. Kwa ujauzito wa miezi mitano, barua hiyo iandike wiki hii. Ipeleke masijala, nakala yako ipigwe muhuri. Najua unachoogopa: ukiwajulisha, mkataba ujao hautakuja. Nakuelewa, lakini tumbo litawajulisha kabla yako, na barua yenye muhuri ndiyo itakayothibitisha kwamba walijua ndipo wakakuacha. Kumwachisha mtu kwa ujauzito ni sababu ambayo sheria imeikataa moja kwa moja. Hata mwanamke ambaye hajafikisha miezi sita, ambaye hawezi kutumia kifungu hicho, anaweza kudai ubaguzi, maana ujauzito umetajwa miongoni mwa misingi ambayo mwajiri haruhusiwi kubagulia. Na dai la ubaguzi lina siku 60 badala ya 30.

Mapokezi ya kituo cha afya yana zamu za usiku. Miezi miwili ya mwisho kabla ya kujifungua hawaruhusiwi kukupanga kati ya saa 2 usiku na saa 12 asubuhi. Ukirudi kazini unaruhusiwa muda wa kunyonyesha usiozidi saa mbili kwa siku, ndani ya saa za kazi. Mumeo angekuwa kazini angepata siku tatu za likizo ya baba, ndani ya siku saba tangu mtoto azaliwe. Ni chache, lakini zina malipo.

Kuhusu watoto, toeni karatasi zenu za malipo mwangalie kama kuna makato ya hifadhi ya jamii au ya bima ya afya. Watu wa muda serikalini si wageni kwenye hifadhi ya jamii. Watumishi wasio wa pensheni walikuwa na mfuko wao, GEPF, ulioanzia kwenye sheria ya 1942, na ndio uliounganishwa na mifuko mingine mitatu, PSPF, LAPF na PPF, mwaka 2018 kuwa PSSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii wa watumishi wa umma. Huko mfanyakazi huchangia 5% na mwajiri 15%. Kama makato yapo, nendeni mkahakikishe yamefika, maana kukatwa na kufikishwa ni habari mbili. Aliyechangia miezi 18 au zaidi kisha akaachishwa bila kutaka mwenyewe anaweza kuomba fao la kukosa ajira, 33.3% ya mshahara kwa miezi sita. Kama kuna makato ya NHIF, yaani Mfuko wa Taifa wa Bima ya Afya, kadi haiishii kwa mwanachama: inamhusu mwenza na wategemezi wasiozidi wanne. Kama hakuna makato kabisa, liandikeni hilo nalo kwenye malalamiko, kwa kuwa dai ambalo si la kuachishwa kazi lina siku zake 60.

Kuna jambo moja hukuliuliza, na natumaini halitakuhusu kwa miaka mingi. Kibarua akifa kwa ajali ya kazi, mjane na watoto ndio wanaolipwa na WCF, na gharama za mazishi zimo. Kinachowakwamisha wajane hakiko kwenye ajira, kiko kwenye ndoa. Wameishi na mtu miaka tisa, hawana cheti, na mdogo wake marehemu anatokea na barua ya ukoo. Sheria ya Ndoa ya 1971 inawatambua walioishi pamoja miaka miwili au zaidi na kujulikana kama mke na mume, lakini dhana hiyo inabidi uithibitishe mbele ya watu wanaotaka kuipinga. Kama ndoa yenu haina cheti, kishughulikieni. Vyeti vya kuzaliwa vya watoto viwe na jina la baba, na hapo mlipo kazini andikisheni majina ya wategemezi, yafanane herufi kwa herufi na yaliyo kwenye vyeti.

Siku ya kwenda CMA si lazima muwe na wakili. Chama cha wafanyakazi kinaweza kumsimamia mwanachama wake. Kwenu halmashauri ni TALGWU, chama cha wafanyakazi wa serikali za mitaa, ulizeni kama kinapokea watu wa muda kwenye tawi lenu. Kama hakuna chama, mlalamikaji anaweza kuwa na mwakilishi binafsi aliyemchagua mwenyewe. Wewe umeandika swali lako kwa mpangilio kuliko maelezo ya madai ninayoyasoma kila wiki, na mkono anaoandikia mumeo ndio huenda una bandeji. Beba kalamu.